Msasa wa Bunge na bahasha ya Ikulu

Tarehe 7 Agosti 2024 Bunge la Taifa la Kenya liliidhinisha mawaziri 19 kati ya 20 waliopendekezwa na Rais William Ruto. Aliyekatwa ni mmoja tu, Stella Soi Lang'at, aliyependekezwa kwa Wizara ya Jinsia, Utamaduni, Sanaa na Turathi. Kamati ya Uteuzi, inayoongozwa na Spika, ilisema hakuonyesha ufahamu wa kutosha wa masuala ya wizara hiyo wala hakuwa na uzoefu unaotakiwa. Kesho yake wenzake wakaapishwa Ikulu, kazi ikaendelea.

Wizara hiyo ilisubiri hadi Machi 2025, rais alipompendekeza Hanna Cheptumo. Mwezi uliofuata alikaa mbele ya kamati hiyohiyo. Akaulizwa kuhusu mauaji ya wanawake, jambo lililokuwa limewatoa maelfu barabarani Januari 2024, naye akajibu kwa namna iliyosikika kama anawatupia lawama waliouawa kwamba walikuwa wakitafuta pesa. Hasira ikawaka nchi nzima. Wiki hiyohiyo Bunge likamwidhinisha.

Wizara ni moja, kamati ni moja, kipimo kilichoandikwa katika sheria ni kimoja. Mmoja aliambiwa hajui wizara. Wa pili alionyesha hadharani jinsi anavyoifahamu, akapita. Mwenye kutaka kuelewa jinsi marais wetu wanavyoteua, na jinsi mabunge yetu yanavyothibitisha, aanzie hapo. Kura ya mwisho ndiyo sehemu dhaifu kuliko zote katika utaratibu huu, ingawa ndiyo inayopigiwa kelele. Nguvu yake iko kabla ya kura, pale mtu anapolazimika kujieleza chini ya kiapo, na baada ya kura, pale raia anapoweza kwenda mahakamani akiwa na karatasi mkononi.

Tukumbuke tulikotoka. Enzi za Rais Daniel arap Moi, Mkenya aliyekuwa waziri asubuhi angeweza kujua kwamba si waziri tena kupitia taarifa ya habari ya redio ya saa saba mchana. Aliyepandishwa cheo alisikia hapohapo, pamoja na mkewe, dereva wake na majirani. Hakuna aliyeulizwa na hakuna aliyeeleza sababu. Watu wazima walikuwa wakiacha chakula mezani kuisogelea redio saa hiyo, na si wote waliokuwa na njaa ya habari. Wengine walikuwa na hofu ya kazi zao.

Katiba iliyozinduliwa tarehe 27 Agosti 2010 iliukata mzizi huo, angalau katika maandishi. Ibara ya 152 inasema mawaziri wasipungue 14 wala kuzidi 22, wasiwe wabunge, na rais awateue baada ya Bunge la Taifa kuwaidhinisha. Mwaka uliofuata ikaja sheria ya kuidhinisha uteuzi wa umma, inayoeleza hatua kwa hatua: jina linafika bungeni, wananchi wanatangaziwa mahojiano angalau siku 7 kabla, mwenye pingamizi anaandika taarifa ya kiapo, kamati inahoji, inatoa ripoti, kikao kizima kinapiga kura. Yote hayo ndani ya siku 28.

Mteuliwa huja na kabrasha. Kuna cheti cha Mamlaka ya Ushuru kuonyesha kwamba hadaiwi kodi, cha Bodi ya Mikopo ya Elimu ya Juu kuonyesha amelipa mkopo wa chuo kikuu, cha Tume ya Maadili na Kupambana na Ufisadi, cha Idara ya Upelelezi wa Jinai, na barua ya Msajili wa Vyama vya Siasa. Kisha huja swali linalosubiriwa na kila mtu sebuleni: una mali kiasi gani? Mwaka 2024 Hassan Joho, gavana wa zamani wa Mombasa, alitaja zaidi ya shilingi bilioni 2. Unaweza kucheka, unaweza kukasirika, lakini umesikia kwa kinywa cha mwenyewe, na imeandikwa katika kumbukumbu rasmi za Bunge. Miaka mitano baadaye mtu anaweza kuilinganisha na hesabu mpya. Kwangu mimi hilo pekee linatosha kuutetea utaratibu huu dhidi ya wanaosema ni maigizo matupu.

Lakini sheria hiyohiyo ina kifungu ambacho wachambuzi wengi hukipita haraka. Muda ukiisha na Bunge halijaidhinisha wala kukataa, mteuliwa anahesabiwa kuwa ameidhinishwa. Maana yake, Bunge likinyamaza limekubali. Anayetaka kumvusha mtu mwenye doa hahitaji hata kushinda hoja. Anahitaji kuchelewesha tu.

Jaribio la kwanza kubwa la Katiba mpya lilikuja kabla hata sheria hiyo haijapitishwa. Mwishoni mwa Januari 2011 Rais Mwai Kibaki alitangaza majina manne: Alnashir Visram awe Jaji Mkuu, Githu Muigai Mwanasheria Mkuu, Kioko Kilukumi Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma, na William Kirwa Msimamizi wa Bajeti. Waziri Mkuu Raila Odinga, aliyekuwa akigawana naye serikali chini ya mapatano ya mwaka 2008, akasema hakushauriwa ipasavyo. Wanaharakati wakaona jambo jingine: wote wanne ni wanaume, na Katiba ina miezi mitano tu tangu iseme kwamba jinsia moja isizidi theluthi mbili katika vyombo vya kuteuliwa. Wakaenda Mahakama Kuu. Tarehe 3 Februari Jaji Daniel Musinga akasema uteuzi ule haukuendana na Katiba. Wiki mbili baadaye Spika Kenneth Marende naye akatoa uamuzi wake kitini, kwamba majina yale yaliletwa kinyume cha Katiba na Bunge haliwezi kuyashughulikia. Tarehe 22 Februari Kibaki akayaondoa.

Nataka msomaji aangalie mpangilio wa matukio hayo. Bunge halikupiga kura kumkataa mtu hata mmoja. Lililomrudisha rais nyuma ni swali la utaratibu, lililoulizwa na raia mahakamani na kukaziwa na Spika. Na wahusika hawakuwa wabovu. Githu Muigai alirudi baadaye mwaka huohuo na kuwa Mwanasheria Mkuu kwa njia iliyonyooka.

Matunda ya msukosuko ule yalikuwa makubwa. Nafasi ya Jaji Mkuu ikatangazwa, Tume ya Huduma ya Mahakama ikawahoji waombaji hadharani, na nchi ikamwona Willy Mutunga, mwanaharakati aliyewahi kuwekwa kizuizini enzi za Moi, akijibu maswali kuhusu sheria, imani na hata kipuli chake sikioni. Aliapishwa Juni 2011. Bila mkwamo wa Februari, kiti kile kingejazwa kwa mazungumzo ya watu wawili.

Turudi kwa mawaziri na maofisa wakuu. Ukiwauliza Wakenya ni nani wamewahi kugonga mwamba bungeni, majina matatu hutajwa: Monica Juma mwaka 2015, Peninah Malonza mwaka 2022, na Lang'at mwaka 2024. Wote wanawake. Sidhani wabunge walikaa kikao cha kuamua kuwakomoa wanawake. Ninachokiona ni kwamba kamati huwa na ujasiri kwa mtu asiye na jeshi la kisiasa nyuma yake, na katika siasa zetu wanawake wengi huingia wakiwa hawana jeshi hilo.

Juma alikuwa Katibu wa Wizara ya Usalama wa Ndani, mwenye sifa za kitaaluma ambazo hakuna aliyezibishia. Rais Uhuru Kenyatta akampendekeza awe Katibu wa Baraza la Mawaziri. Kilichomponza ni barua aliyokuwa ameiandika kuhusu wabunge waliokuwa wakifika ofisini kwake na shida za watu wao. Wabunge walimkataa, na miongoni mwao walikuwamo wa muungano wa rais mwenyewe. Hapo Bunge lilionyesha meno, lakini lilimng'ata mtumishi wa umma kwa sababu aliwaambia wabunge wafuate utaratibu. Mapema mwaka 2018 mama huyohuyo alipita kuwa Waziri wa Mambo ya Nje. Kama hakufaa kutunza kumbukumbu za Baraza la Mawaziri, alifaa vipi kuisemea nchi mbele ya dunia?

Malonza ana kisa tofauti. Kamati ilipendekeza akataliwe kwa Wizara ya Utalii, kwa sababu ileile iliyotumika baadaye kwa Lang'at: hakuonyesha ufahamu wa wizara. Lakini yeye aliwahi kuwa naibu gavana wa Kitui, na alikuwa mtu wa Ukambani katika hesabu za rais. Kikao kizima kikaigeuza ripoti ya kamati yake, akapita, akaapishwa na wenzake Oktoba 2022.

Kisa chake hakikuishia hapo. Oktoba 2023 rais alipanga upya baraza lake. Malonza akatolewa Utalii na kupelekwa Wizara ya Jumuiya ya Afrika Mashariki. Alfred Mutua, aliyehojiwa kwa ajili ya Mambo ya Nje, akapelekwa Utalii. Hakuna aliyerudi mbele ya kamati, kwa kuwa Katiba inampa rais uhuru wa kuwahamisha mawaziri atakavyo. Msasa wote wa mwaka mmoja nyuma, maswali yote kuhusu hoteli na mbuga za wanyama, ukawa hauna kazi. Mtu alihojiwa kwa wizara moja akapewa nyingine, kisheria kabisa.

Kutoka nako ni hivyohivyo. Bunge huulizwa waziri anapoingia, anapofukuzwa haliulizwi. Tarehe 11 Julai 2024, baada ya vijana kuandamana dhidi ya Mswada wa Fedha na kuingia hadi ndani ya majengo ya Bunge, Ruto alilivunja baraza zima kwa hotuba moja, akabakisha naibu wake na Mkuu wa Mawaziri, Musalia Mudavadi. Orodha mpya ilipokuja, kadhaa wa waliofukuzwa walikuwamo, pamoja na vigogo wa chama cha upinzani cha ODM kama John Mbadi na Opiyo Wandayi. Wakati huo upinzani uliotakiwa kuwabana wateuliwa ulikuwa unasubiri kuapishwa. Lang'at ndiye aliyebaki wa kukataliwa, ili isisemwe kwamba Bunge limepitisha kila mtu.

Mahakama imekuwa na mkono mzito zaidi. Machi 2023 rais aliteua mawaziri wasaidizi 50. Spika Moses Wetang'ula akasema Bunge halina mamlaka ya kuwapiga msasa, wakaapishwa bila kuhojiwa na mtu. Kesho yake Mahakama Kuu ikawazuia kuingia ofisini, na tarehe 3 Julai ikafuta uteuzi wao wote. Hoja nzito ilikuwa ya kawaida sana: umma ulikuwa umeshirikishwa kwa nafasi 23, nyingine 27 zilitokea wapi? Raia aliyeuliza swali hilo alifanya kazi ambayo wabunge zaidi ya 300 waliiacha mezani.

Wakenya waliandika Katiba yao wakiitazama Marekani, ambako Seneti huthibitisha zaidi ya nafasi 1,200 za serikali. Huko nako kura ya kumkataa waziri ni nadra kuliko watu wanavyodhani. Katika historia yote ni mara tisa tu, na ya mwisho ilikuwa mwaka 1989, John Tower alipokataliwa kwa kura 53 dhidi ya 47 kuwa Waziri wa Ulinzi. Tofauti iko kwingine. Novemba 2024 Matt Gaetz alijiondoa mwenyewe, siku chache tu baada ya kuteuliwa kuwa Mwanasheria Mkuu, kwa kuwa maseneta wa chama cha rais mteule walikuwa wameshaonyesha kwamba kura hazitatosha. Januari 2025 Pete Hegseth alipenya kuwa Waziri wa Ulinzi kwa kura 51 kwa 50, Makamu wa Rais akipiga kura ya kuvunja sare. Seneta ana miaka sita na wapiga kura wake. Anaweza kumwambia rais hapana na akabaki na kazi. Mbunge wa Kenya anayetaka barabara ijengwe jimboni kwake hujiuliza mara mbili. Ndiyo maana mteuliwa wa Nairobi hana sababu ya kujiondoa: anajua hesabu zimekwisha kupigwa.

Sasa tuvuke mpaka wa Namanga.

Tanzania mfumo ni mwingine kabisa. Mawaziri hutokana na wabunge, na rais huwateua bila Bunge kuwathibitisha. Wakuu wa mikoa, wakuu wa wilaya, makatibu wakuu, majaji na wakurugenzi wa mashirika hutoka katika kalamu hiyohiyo. Taarifa kwa umma hutolewa na Ikulu, mara nyingi usiku, na kabla ya saa moja kupita mkeka, yaani orodha ya majina, umeshasambaa katika simu za nchi nzima. Kuna anayeteuliwa, kuna anayehamishwa, na kuna yule ambaye uteuzi wake umetenguliwa na atapangiwa kazi nyingine. Sababu hutajwa kwa nadra. Tofauti na redio ya saa saba ya Moi ni kwamba siku hizi habari hufika haraka zaidi.

Rais pia anaweza kuteua wabunge hadi 10, kwa hiyo hata sharti la kuwa mbunge halimfungi sana. Mfano mzuri ni Dkt. Philip Mpango. Novemba 2015 Rais John Magufuli alimpa kukaimu ukamishna mkuu wa Mamlaka ya Mapato. Mwezi uliofuata akamteua kuwa mbunge na hapohapo Waziri wa Fedha. Mtu aliyeshika mfuko wa nchi kwa zaidi ya miaka mitano aliingia bila kuulizwa swali moja na kamati yoyote ya kuthibitisha. Bunge lilipewa nafasi ya kumpigia kura tarehe 30 Machi 2021, baada ya Magufuli kufariki dunia na Rais Samia Suluhu Hassan kumpendekeza kuwa Makamu wa Rais. Alipata kura 363, zote za ndiyo. Sisemi hakufaa. Ninasema hatukuwahi kuona akipimwa.

Cheo kingine kikubwa kinachopita bungeni ni cha Waziri Mkuu, na hapo ndipo penye bahasha. Ibara ya 51 inamtaka rais ateue ndani ya siku 14 baada ya kushika madaraka, na aliyeteuliwa hawezi kushika kazi mpaka wabunge walio wengi wamthibitishe. Tarehe 19 Novemba 2015 mjumbe kutoka Ikulu aliingia ukumbini Dodoma na bahasha iliyofungwa. Spika Job Ndugai akaifungua mbele ya kamera, nchi nzima ikishikilia pumzi, akasoma jina ambalo wengi hawakulitarajia: Kassim Majaliwa, mbunge wa Ruangwa. Hoja ikawasilishwa, wabunge wachache wakasimama kuchangia, kura zikapigwa siku hiyohiyo: 258 ndiyo, 91 hapana, 2 zimeharibika. Mwaka 2020 bahasha ilirudi na jina lilelile, safari hii kura 350 kwa 0, kwa kuwa upinzani ulikuwa umebaki wa kuhesabika kwa vidole. Novemba 2025 jina lililosomwa lilikuwa la Dkt. Mwigulu Nchemba, na mambo yakaisha siku moja vilevile.

Watu hufurahia bahasha. Ni tamthilia nzuri, na siri hutunzwa vizuri kuliko siri nyingi za serikali. Lakini Bunge linalosikia jina asubuhi na kulipigia kura kabla ya jua kuzama halithibitishi kitu, linashangilia. Wale 91 wa mwaka 2015 walikataa bila kupewa muda wa kutafuta sababu, na wale 258 walikubali bila kupewa muda wa kuwa na sababu. Hakuna kamati iliyofungua faili, hakuna mwananchi aliyepewa siku moja ya kuandika pingamizi.

Rasimu ya Katiba ya Tume ya Jaji Joseph Warioba ilipendekeza mawaziri wasizidi 15, wasiwe wabunge, na wathibitishwe na Bunge. Wengi wanaodai Katiba mpya hukumbuka zaidi mjadala wa serikali tatu, na kipengele hiki hukisahau. Mahakama za Tanzania nazo zimewahi kugusa suala la rais na nafasi za kikatiba: Prof. Mussa Assad aliondoka kwenye kiti cha Mdhibiti na Mkaguzi Mkuu Novemba 2019, na Desemba 2022 Mahakama Kuu ikasema kuondolewa kwake kulikiuka Katiba. Uamuzi ulimkuta mrithi wake akiwa na miaka mitatu kazini. Haki iliyochelewa kiasi hicho inafaa vitabu vya wanasheria kuliko hazina ya umma.

Ningekuwa na sauti Nairobi, nisingepoteza muda kuwaomba wabunge wawe majasiri. Ningedai mambo matatu yanayoandikika: kile kifungu cha kunyamaza kifutwe, ili jina lisilopigiwa kura lihesabiwe limeanguka, kamati ilazimishwe kujibu kwa maandishi kila pingamizi lililotolewa kwa kiapo, na waziri anayehamishwa arudi kuhojiwa kwa wizara mpya. La tatu litahitaji kuigusa Katiba, na litapigwa vita na kila rais. Mawili ya kwanza yanahitaji marekebisho ya sheria moja tu.

Dodoma jambo ni jepesi zaidi. Ibara ya 51 haisemi kura ipigwe siku bahasha inapofunguliwa. Bunge likiamua kwamba kati ya jina kusomwa na kura kupigwa zipite siku tatu, na katika siku hizo mteuliwa akae mbele ya kamati akihojiwa mubashara, hakuna haja ya kusubiri Katiba mpya. Hizo ni Kanuni za Kudumu za Bunge, na wenye mamlaka ya kuzibadilisha ni wabunge wenyewe.